Bara Nililolifundisha Bila Kulikanyaga

Zaidi ya nusu ya maisha yangu nilifundisha jiografia mkoani Dodoma, kwa ramani ya ukutani ambayo mchwa walikuwa wameila ukingo wa chini. Walichokula kilikuwa Antaktika. Bara hilo basi nililifundisha kwa maneno matupu: barafu iliyolala juu ya mwamba kwa kina cha milima, upepo uporomokao kutoka kitovuni hadi pwani, usiku wa miezi. Mwanafunzi akileta habari za kuokoteza, nilimuuliza jambo moja tu: "Umeona au umesikia?" Aliyesikia aliketi.

Uzeeni nimeletwa Sydney na binti yangu, muuguzi katika kitongoji cha Liverpool mjini humo. Kila Jumamosi mimi huwafundisha watoto wa jumuiya yetu Kiswahili katika ukumbi wa kanisa, Granville, na sura za dunia pia. Wananielewa, lakini hunijibu kwa Kiingereza. Hata hivyo kiti cha mbele ni changu, nacho ndicho kilichobaki cha ualimu wangu wote.

Mwaka huu akaja Mrundi mmoja, kijana wa makamo aliyekulia katika kambi ya wakimbizi Kigoma na kuiacha shule darasa la sita. Mama mmoja akatangaza kwamba kijana huyo ametoka Antaktika, alikokuwa msaidizi wa mpishi katika kituo cha watafiti kiangazi kizima. Watoto wakamzunguka. Hakuna aliyegeuka kunitazama. Nilikuwa kama mtu aliyechumbia miaka arobaini, kisha akaambiwa bibi harusi amechukuliwa na mpita njia.

"Shikamoo, Mwalimu," akaniamkia yule Mrundi.

"Marahaba. Hebu tuambie, theluji huanguka nyingi huko?"

Ulikuwa mtego. Mzushi yeyote angeapa kwamba huanguka usiku na mchana.

"Hapana, Mwalimu. Kidogo sana. Ile ya chini ndiyo upepo unaibeba, unadhani inanyesha. Kule ni kukavu! Mikono yangu ilipasuka kama ya mfyatua matofali."

Jibu lilikuwa sahihi; bara lile ni jangwa. Liliniuma kuliko uongo. Nikamuuliza kuhusu jua, akaeleza kwamba alilala madirisha yamezibwa kwa mapazia mazito kwa sababu halikutua. Nikamuuliza kuhusu nyanda za juu, kule kitovuni.

"Huko sikufika, Mwalimu. Mimi nilikuwa pwani, na masufuria yangu. Huko nimesikia tu."

Nilitamani asingesema hivyo. Kanuni yangu, niliyowapigia kelele vijana wa vizazi viwili, huyu aliishika bila kukaa darasani kwangu hata siku moja.

Hapo mjukuu wangu, ambaye sijawahi kumsikia akimaliza sentensi ya Kiswahili, akanitazama na kusema polepole, bila kosa:

"Na wewe, Babu, umeona au umesikia?"

"Haya! Leo Mwalimu kapewa mtihani!" akadakia yule mama, na ukumbi ukacheka.

Ningeweza kutaja vitabu nilivyosoma. Vitabu ni ushahidi, nami sioni aibu kuvitaja. Lakini swali halikuwa hilo.

"Nimesikia," nikasema.

Sheria ni sheria. Nilimwachia yule Mrundi kiti cha mbele, nikaenda kuketi kwenye benchi la watoto, magoti yakigusana na kidevu. Akasita, akaniomba nirudi. Nikakataa. Kisha, kwa kuwa nilikuwa nimeketi mahali pa wanafunzi, nikanyoosha mkono.

"Harufu ya huko ikoje?"

Akavuta hewa puani.

"Nje hakuna, Mwalimu. Hakuna kitu kinachooza, hakuna udongo. Tulipokuwa tunarudi, meli haijaiona nchi kavu bado, nikanusa udongo. Nililia."

Katika miaka yangu yote ya ualimu hakuna kitabu kilichoniambia hilo. Nililiandika daftarini, pamoja na jina la aliyeliona. Mkono wangu haukutaka kuliandika jina hilo, niliulazimisha.