Mayai Matatu na Keki Isiyo na Yai

Yale mayai matatu nilikula mimi. Nimelikana jambo hili mbele ya bibi yangu, mbele ya mama yangu, mbele ya mwalimu wa kipaimara, na mara moja, bila kuulizwa na yeyote, mbele ya shangazi yangu aliyekuwa ananisuka nywele.

Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Ulikuwa mwaka wa vita, 1978, na kila kaya pale Kihanga ilikuwa ikichanga chakula cha askari waliopita kuelekea mpakani. Wenye ng'ombe walitoa ng'ombe, wenye migomba walitoa mikungu. Bibi, ambaye alipenda mchango wake uonekane, alipanga mayai kwenye kikapu chenye majani makavu ya mgomba, akakiweka mlangoni ili wapita njia wasipate taabu ya kuuliza. Nikachukua matatu. Niliyachemsha kwenye kopo ndani ya kibanja, kule mwisho ambako migomba imesongamana, nikayala bila chumvi, maganda nikayafukia chini ya mti wa kahawa. Ladha yake ilikuwa ya kawaida sana. Nilitegemea kitu kinachostahili kukatazwa.

Maana yalikatazwa. Kwetu, mwanamke kula yai ulikuwa muziro, mwiko wa kurithi usiojadiliwa. Msichana anayekula mayai hatazaa, na mwanamke mzima anayekula mayai ni mlafi atakayewanyima watoto. Mwiko huu uliwekwa na watu ambao, kwa bahati yao njema, walikuwa wanayapenda sana mayai. Niliwaona wakiyala kila Jumapili, baba na wajomba, kwa masikitiko ya watu waliobebeshwa mzigo.

Bibi alipogundua kikapu kimepungua, hakuhangaika kupeleleza. Nyumbani mlikuwa na mtu aliyekwisha kuhukumiwa. Shangazi yangu, dada wa baba, alikuwa amerudishwa mwaka uliotangulia kutoka Nyabiyonza, baada ya miaka mitano ya ndoa bila mtoto. Wakwe zake walikuwa hawajapata sababu ya kutosha. Mayai yakawapatia.

"Sasa tumejua," Bibi alisema, na akaenda kanisani kuwajulisha wengine.

Mimi pia niliulizwa, kwa kukamilisha utaratibu. Nikasema, "Siyo mimi." Shangazi alikuwa amesema hivyo hivyo dakika chache kabla. Maneno yalikuwa yaleyale, lakini yangu yaliaminiwa, kwa kuwa yalikuwa yamevaa sare ya shule.

Tangu siku hiyo shangazi akawa Mla Mayai, kule Kihanga, kule Nyabiyonza, na kila mahali ambako mwanamke wa Kihanga ameolewa. Aliendelea kulima, kuchuma kahawa, na kunisuka mimi. Nilipochaguliwa kwenda sekondari, yeye ndiye aliyebeba sanduku langu la bati kichwani mpaka barabarani. Basi lilipochelewa alinikalisha juu ya sanduku na yeye akasimama. Niliona ni haki yangu.

Baadaye nikaenda chuo kikuu, ambako nilijifunza kuwadharau waliotunga miiko. Niliandika insha ndefu juu ya chakula na ukandamizaji wa mwanamke wa kijijini. Nilimtaja shangazi kama mfano, bila jina, na nilipewa alama nzuri. Mwizi wa mayai sikumtaja, kwa sababu hakuhusiana na mada.

Desemba ya 1994 nilikuwa nimeajiriwa Mwanza, katika ofisi iliyoandika ripoti kuhusu wanawake ambao haikuwahi kuwatembelea. Nilikuja likizo na watoto wangu wawili, na kabla sijaweka mizigo chini mama akaniambia habari kubwa: shangazi amepata mchumba. Alikuwa mgane wa Kibingo, Mlutheri, mkulima wa kahawa, mwenye watoto sita na subira ya kutosha. Alikuwa amemwona shangazi kwenye mkutano wa kwaya akigawa chakula na mwenyewe akila wa mwisho, na hilo lilimtosha.

"Sasa kinachosubiriwa ni nini?" niliuliza.

"Dada yake," mama alisema. "Ndiye aliyewalea hao watoto tangu mama yao afariki. Kaka yake hatoi hata mbuzi kabla yeye hajakubali. Na ameshauliza, 'Ni yule mla mayai?'"

Shangazi alikuwa pale, anamenya ndizi. Hakuinua macho. Alikuwa na miaka arobaini na kitu, na nadhani ilikuwa mara ya kwanza kumwona akimenya ndizi vibaya.

Dada huyo alikuwa anakuja Jumamosi kumtazama. Nilikuwa na siku tatu za kusema sentensi moja yenye maneno manne: mayai yale nilikula mimi. Mtu asiyesoma angeisema. Mimi niliamua kuoka keki.

Niwaeleze hekima yangu. Mgeni atakapoona mezani kitamu cha kisasa kisicho na yai hata moja, na shangazi akila mbele yake bila wasiwasi, atajua kwamba nyumba hii inaheshimu mwiko. Maziwa nayo niliyaondoa, kwa kuwa dada huyo alikuwa mtu wa ng'ombe, na wazee wa ng'ombe hawaweki maziwa motoni pamoja na kitu kichachu, kiwele kisije kikakauka. Kwa hiyo hapakuwa na siagi wala samli. Ilikuwa keki ya kumridhisha kila mzee aliyewahi kukataza kitu, nami niliyeandika insha dhidi yao ndiye niliyekuwa mpishi wao.

Malimau tulikuwa nayo, yale makubwa yenye ganda la chunusi ambayo kwetu hutumika kwa mafua tu. Machungwa nilinunua sokoni, pamoja na mafuta ya kupikia ya msaada, yaliyokuwa yakifika sokoni kutoka kambi za wakimbizi kabla wakimbizi wenyewe hawajayaonja. Nilitoboa kopo kwa msumari likawa kikwaruzo cha maganda. Jani la mgomba nililipitisha motoni likalainika, nikalitandika ndani ya sufuria. Sufuria hilo likakaa ndani ya lingine kubwa lenye mchanga wa moto, mfuniko juu, na makaa juu ya mfuniko.

"Na bila yai itashikana?" shangazi aliuliza.

"Itashikana, shangazi. Ni sayansi."

"Ya Wazungu?"

"Ya malimau. Nikimimina maji ya limau kwenye magadi, tazama, yanatoa povu. Povu ndilo linaloinua."

Alilitazama povu kama mtu anavyomtazama mgeni anayecheka peke yake. Kisha akasema, taratibu, "Huyo mama akiniuliza habari za yale ya zamani, nimwambie nini?"

"Mwambie siyo wewe."

"Hilo nimelisema miaka kumi na sita, mwanangu."

Nikaona ghafla kwamba chungwa la mwisho lilikuwa bado halijakwaruzwa vizuri. Nililikwaruza mpaka nikafika kwenye vidole.

Keki ilitoka jinsi ambavyo sijawahi kuipata tena. Ilikuwa imeumuka mpaka ikagusa mfuniko, laini, inayonukia nyumba nzima, na ya njano, njano ya maganda ya machungwa. Nilijipongeza. Sikujiuliza ni kitu gani kingine duniani kina njano ile.

Dada wa mchumba alifika na mama mwingine mmoja ambaye kazi yake ilikuwa kuitikia. Tuliwakaribisha kwenye nyasi mpya zilizotandazwa sakafuni, tukawapa kahawa za kutafuna, watoto wangu wakasema shikamoo kwa heshima ya kununuliwa kwa pipi. Dada yule alikuwa mfupi, mpana, na mwenye macho ya mnunuzi wa ng'ombe. Alimpakata mwanangu mdogo wa kike, akamminya mapaja.

"Huyu amenona," akasema. "Unaona faida ya kuzaliwa na mama aliyeshika miiko yake?"

"Kweli kabisa," akaitikia mwenzake.

Hapo ndipo mlango ulipofunguliwa kabisa mbele yangu, na mimi nikatabasamu. Mama alikuwa ananitazama kwa fahari. Nilikuwa msomi wa ukoo, nimevaa gauni la kitenge lililoshonwa Mwanza. Mtu haachi fahari ya namna hiyo kwa ajili ya mayai matatu.

Nikaleta keki. Shangazi, kama tulivyopanga, alichukua kipande cha kwanza akala mbele ya wote. Dada wa mchumba alikibonyeza cha kwake kwa kidole. Kikabonyea, kikainuka.

"Nani ameoka?"

"Mimi, mama. Haina yai wala maziwa."

Alicheka kwa pua. "Mwanangu, mimi nilisoma mapishi kwa masista mwezi mzima. Keki ni mayai manne. Ukiweka mawili, inakuwa tofali. Hii umeweka sita."

"Hata moja, mama. Ni limau na magadi. Asidi ikikutana na magadi inatoa gesi, na hiyo gesi..."

"Gesi tunazo wenyewe, hatukuja kutafuta gesi."

"Kweli kabisa," akasema mwenzake.

"Ingekuwa ngumu ningekuamini," dada akaendelea. "Nilikuwa nimekuja na meno yangu tayari. Lakini tazama njano hiyo! Na huyu," akamwelekea shangazi, ambaye alikuwa amebakiza nusu ya kipande mkononi, hajui akimeze au akirudishe, "huyu amekila bila hata kusita. Hata mbele ya wageni hawezi kujizuia. Watoto sita wa kaka yangu watabaki na maganda."

Nikaeleza tena. Nadhani nilichora hata mchoro, hewani, kwa kisu. Kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyozidi kusikika kama mwongo, na sikulalamika, maana nilikuwa mwongo, ila wa jambo jingine. Kama ningeiunguza keki ile, shangazi angeolewa.

Kwetu mgeni hufungiwa chakula cha kwenda nacho, na akikipokea mambo ni mazuri. Mama alifunga keki iliyobaki kwenye jani la mgomba, akaitoa kwa mikono miwili. Dada wa mchumba aliiangalia, akashukuru, akaiacha juu ya kigoda. Tulisikia kandambili zao zikiondoka kati ya migomba.

Shangazi alikusanya vikombe. "Ilikuwa tamu," akaniambia. Sijawahi kupewa adhabu iliyofanana na ile.

Nilirudi Mwanza na ujasiri wa mtu aliye umbali wa siku nzima ya safari. Nikaandika barua. Rasimu ya kwanza ilikuwa na kurasa nne, ikianza na historia ya umiliki wa kuku. Ya pili ilimlaumu Bibi, ambaye alikuwa marehemu na hakuweza kujitetea. Ya tatu ilikuwa mistari mitano, na ndiyo niliyoituma: Shangazi, mayai ya mwaka wa vita nilikula mimi. Yalikuwa matatu. Maganda niliyafukia chini ya mti wa kahawa wa tatu kutoka jikoni. Msomee huyo mama wa Kibingo. Nisamehe.

Wiki nne zilipita bila jibu. Ofisi yetu ilikuwa na simu moja, juu ya meza ya bosi, na siku ilipolia kwa ajili yangu bosi alikuwa na wageni watatu waliokuja kuhusu ripoti. Alinipa kipokezi kwa vidole viwili.

"Niko posta," sauti ya shangazi ikasema kutoka mbali, imejaa mikwaruzo. "Barua nimemsomea. Anasema karatasi huandikwa na yeyote, tena na wewe hasa. Anataka kukusikia kwa masikio yake. Yuko hapa, ametembea tangu alfajiri. Usinifedheheshe."

Kabla sijajibu, sauti nyingine ikashika simu, ikipiga kelele kama mtu anayeita ng'ombe ng'ambo ya bonde.

"Wewe mtoto wa keki!"

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Sema."

Bosi alikuwa ananitazama. Wageni wake watatu walikuwa wananitazama. Ripoti yangu juu ya mwanamke wa kijijini ilikuwa mezani mbele yao, imefunguliwa ukurasa wa miiko.

"Mayai nilikula mimi," nikasema.

"Sikusikii!"

"Mayai nilikula mimi! Shangazi hakugusa! Niliiba kwenye kikapu, nikachemsha, nikala!"

"Mangapi?"

"Matatu!"

"Ulikuwa na umri gani?"

"Kumi na miwili!"

Nilimsikia akihema. "Na wale watoto wawili niliowaona, umewazaa mwenyewe?"

"Mwenyewe, mama."

"Baada ya mayai?"

"Baada ya mayai."

"Ukamwacha mwenzako abebe jina hilo miaka yote. Msomi mzima."

"Ndiyo, mama."

"Na siku ile nilimpakata mtoto wako, nikakusifu, ukanyamaza."

"Nilinyamaza, mama."

Mmoja wa wageni wa bosi alijifanya anatafuta kalamu.

"Habari ya keki kutokuwa na yai, hilo sitaliamini mpaka nife," akasema. "Ila haya ya leo nimeyasikia. Hakuna mtu anayejisingizia aibu namna hii kwa simu." Kisha akageuka bila kuziba kipokezi, nikamsikia akimwambia shangazi, kwa sauti ileile ya ng'ombe na bonde, "Wifi, futa machozi, watu wanatuangalia. Jumamosi tunaleta mbuzi." Akanirudia. "Na wewe uje kwenye harusi. Lakini jikoni usikanyage."