Maji Hayanyimwi Mtu

Wiki hii niliketi mahakamani Malindi kusikiliza kesi ya uwanja wa mtaa wetu, ule tunaofanyia harusi na matanga. Jirani mmoja amejenga nyumba ya kupangisha katikati yake, nasi tulitaka ivunjwe.

Shahidi wetu alikuwa bibi mwenye kisima. Wakili wa jirani akamwuliza kwa upole, "Mama, saruji ilikorogwa kwa maji ya nani?"

"Yangu."

"Hukumnyima?"

Bibi akashangaa. "Maji hayanyimwi mtu, mwanangu. Hata wewe ukija utapewa."

Watu wakacheka. Wakili akamwinamia hakimu, akaketi.

"Nilimpa maji!" bibi akapaza sauti. "Uwanja sikumpa!"

Hakimu alikuwa ameshaanza kuandika. Akaamua kwamba tuliona, tukasaidia, basi tuliridhia. Nyumba itabaki.

Nimefundisha watoto miaka mingi kwamba jirani hanyimwi maji. Jumatatu nitawafundisha tena, ila sheria sitawatajia.

Tulipotoka nje, jirani alimwamkia bibi. "Shikamoo, mama. Imebaki lipu tu."

Bibi alivuta leso usoni.

"Marahaba," akasema. "Ndoo iko palepale."