Mzee Aliyekufa Kila Jumapili

Enzi zetu pale Tanga, Jumapili alasiri ilikuwa ya picha ya Kihindi. Mama alivaa kanga mpya, sisi watoto tukigombania karanga njia nzima. Kihindi hatukujua hata neno, lakini kulia tulijua. Majina ya waigizaji nayo hatukuyajua. Kulikuwa na steringi, yaani shujaa wa picha, kulikuwa na adui, na kulikuwa na yule tuliyembatiza Baba Kifua, maana karibu kila mara alikuwa baba wa steringi, na kila mara alikufa akikohoa kabla ya mapumziko.

Sisi tulipenda ngumi. Mama alimpenda Baba Kifua. Akianza tu kukohoa, mama anavuta kanga usoni: "Jamani, mzee wa watu! Wamemuua tena!" Analia mpaka nyumbani, hata chai hainyweki. Jumapili ya pili mzee yule yule anatokea na sharubu, safari hii jaji. Mama anapiga kigelegele, ukumbi mzima unageuka. Baba akimkumbusha kwamba ni maigizo, anajibiwa, "Najua. Niache nifurahi."

Sasa mama anaishi nasi Kilburn, huku ughaibuni. Tangu tulipomzika baba mwaka jana, anakaa dirishani akitazama mabasi. Hajatoa chozi hata moja, na hilo ndilo lililokuwa likinitisha. Wiki iliyopita nikaiona sura yake kwenye simu, nikasoma kwamba Baba Kifua amefariki. Nilikaa na habari ile siku tatu, nikiogopa kumwongezea msiba. Binti yangu, mzaliwa wa hapa hapa, akanishangaa: "Mum, he's not even the main guy." Eti hata si steringi. Nikamwambia ninyi wa video za nusu dakika mnamaliza picha kabla mzee hajakohoa.

Jumapili nikaketi karibu na mama, nikamweleza. Akaacha kutazama mabasi, akanigeukia.

"Safari hii kweli?"

"Kweli, mama."

Akavuta kanga usoni. Akalia taratibu, kisha kwa sauti, na katikati ya kilio nikasikia jina la baba. Nami nikalia naye.

Enzi zile tulilia ukumbi mzima, na wiki ya pili mzee akarudi. Siku hizi tunalia wawili sebuleni, na anayeondoka harudi. Nimezikumbuka sana Jumapili zile. Lakini mama alipomaliza, alifuta uso, akaomba chai, akainywa yote.