Miaka ya Kukagua Vichwa

Siku niliporipoti kazini kwa mara ya kwanza, katika shule ya msingi iliyo upande wa Mnyuzi, si mbali na reli, Mwalimu Mkuu alinipokea mlangoni mwa ofisi akiwa anagawa chaki. Nilimwamkia, akaitikia, akanitazama kwa utulivu wa mtu aliyekwisha kuwapokea wengi.

"Huko chuoni walikufundisha habari za chawa?"

"Hapana, Mwalimu Mkuu. Tulifundishwa saikolojia ya mtoto."

"Vizuri. Vyote viwili utavikuta kwa mtoto yuleyule. Kuanzia leo wewe ndiye mwalimu wa afya."

Hivyo ndivyo nilivyoipata kazi ambayo sasa naikabidhi kwa mwingine. Umri wangu hauniruhusu kujiita mstaafu, kwa maana bado nafundisha. Lakini katika shughuli hii moja nimestaafu, na ninaona ni wajibu wangu kuwaeleza walimu wanaoanza namna ilivyofanyika katika shule nilizopitia.

Mwalimu wa afya hutegemewa zaidi siku ya Jumatatu. Wanafunzi hupanga mstari, mwalimu wa zamu, yaani yule mwenye dhamana ya wiki hiyo, husimama mbele, na viranja hupita wakitazama kucha, kola na meno. Kichwa hakiachiwi kiranja. Mwalimu mwenyewe huzitenga nywele kwa ncha ya penseli, akianzia nyuma ya masikio na kisogoni, kwa kuwa huko ndiko chawa hupenda kukaa. Kosa la mgeni ni kudhani kila cheupe ni yai. Mba ukiipuliza hupeperuka; yai la chawa hung'ang'ania unywele, na hata ukilivuta kwa kucha linakuja kwa shida. Aidha, chawa haruki wala hapai. Hutembea kutoka kichwa hadi kichwa watoto wanapoinamia kitabu kimoja, wanapoazimana ushungi, au wanapolala mkeka mmoja. Kwa sababu hiyo humpata mtoto wa nyumba safi sawasawa na mwingine yeyote. Jambo hili nililirudia mara nyingi kuliko lolote jingine, na ndilo lililokuwa gumu zaidi kuaminiwa.

Mwalimu Mkuu wa Mnyuzi alikuwa na tiba moja: mkasi. Wavulana kwa wasichana walinyolewa nywele fupi, na mzazi aliyechelewa mtoto wake "alichorewa barabara", yaani mkasi ulipitishwa mara moja kutoka kwenye paji la uso hadi utosini, ili nyumbani wasiwe na hiari ila kumalizia. Sikuipenda barabara hiyo, nikamwambia. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Nywele zitaota, mwalimu," akasema. "Somo la leo likimpita, halioti."

Kwa haki yake niseme kwamba hakuwahi kumrudisha mtoto nyumbani kwa sababu ya chawa, wala hakuruhusu wembe mmoja upite kwenye vichwa viwili. Mkasi aliuchemsha mwenyewe katika sufuria ya jikoni kwake, na mkewe alikuwa akimlalamikia kwa sauti ambayo sote tuliisikia.

Baadaye nilihamishiwa Handeni, katika shule ya ndani kabisa, inayosomesha watoto wa wakulima na wa wafugaji. Huko Mwalimu Mkuu alikuwa mwanamke mwenye msimamo mkali, aliyeikuta shule ikishika mkia katika mitihani na kuipandisha kwa nguvu zake. Wasichana wa madarasa ya juu aliwaruhusu kusuka twende kilioni, ile misuko ya kawaida inayolala kuelekea kisogoni, mradi wavae ushungi. Lakini kuhusu chawa sheria yake ilikuwa fupi: atakayekutwa nao atoke mstarini, asimame kwenye mlingoti wa bendera, kisha aende nyumbani na asirudi mpaka awe safi.

Nilimfuata ofisini. "Mwalimu Mkuu, mtoto akikaa nyumbani wiki nzima, nani atamfundisha?"

"Na akikaa darasani, nani atawakinga wenzake? Wewe una huruma na mmoja. Mimi nina shule nzima."

Sheria ikabaki ilivyo.

Muda mfupi baadaye, aliyekutwa nao alikuwa Mwanaidi, msichana wa darasa la saba, mpole, miongoni mwa wale tuliotarajia wafaulu kwenda sekondari. Mtihani wa majaribio wa wilaya ulikuwa karibu. Alipotolewa mstarini na kuvuliwa ushungi, mvulana mmoja alipaza sauti, "Mwanaidi naye kawa mfugaji!" Mwingine akadakia, "Muulizeni anauza kwa bei gani!" Katika kijiji ambacho utajiri hupimwa kwa mifugo, mzaha huo uliangusha mstari mzima kwa kicheko. Mwanaidi aliondoka bila kugeuka nyuma.

Baada ya siku chache alirudi. Nilikuwa wa zamu. Alitembea kama mtu anayetoka nje kwa mara ya kwanza baada ya homa, na chini ya ushungi kichwa kilikuwa kimefungwa mfuko wa nailoni. Kabla hajafika karibu nilinusa harufu ambayo kila mtu wa eneo lile anaijua, harufu ya josho siku ng'ombe wanapoogeshwa.

"Mwanaidi, umepakwa nini kichwani?"

"Dawa, mwalimu. Mama kasema nisifungue mpaka saa nne."

"Dawa gani?"

"Ya mbuzi."

Mate yalikuwa yakimtoka pembeni mwa mdomo, machozi yanamtiririka, mikono inatetemeka, na mboni za macho zimekuwa ndogo kama kichwa cha pini. Dawa ya kuogeshea mifugo huua kupe kwa kuharibu mishipa ya fahamu, nayo hupenya ngozi ya binadamu. Nilivaa mifuko ya plastiki mikononi ili isiniingie na mimi, nikamvua mfuko na ushungi, nikamwosha kichwa kwa sabuni na maji mengi, nikarudia na kurudia. Mwalimu Mkuu mwenyewe alikuwa akichota maji. Kisha tukampakia kwenye bodaboda, mimi nyuma nikiwa nimemshikilia, hadi zahanati. Mganga alimtazama macho, akampa huduma ya kwanza, akaagiza apelekwe hospitali bila kuchelewa.

Mama yake, ambaye shule ilikuwa imemtumia mtoto wa kumwita, alitukuta zahanati akiwa anahema, chupa ya dawa mkononi, jambo lililomsaidia sana mganga.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakukaa. "Mlisema asirudi mpaka awe safi. Mtihani ndio huo umefika. Kupe anakufa kwa dawa hii, mwanangu, kupe! Nikasema, chawa atasimama na nini?"

"Ulimpaka kiasi gani, mama?"

"Nilimpimia kidogo. Kama cha mwanambuzi."

Alisema hivyo kwa uangalifu, kama mzazi anayeeleza kwamba hakuwa mzembe. Hakuwa mzembe. Alikuwa na dawa moja anayoijua, na sharti moja kutoka kwetu.

Mwanaidi alilazwa, akapona. Lakini mama yake alituma neno kwamba binti atakaa nyumbani asaidie shamba. Shule iliyomfukuza mbele ya watu kwa ajili ya mdudu asingeirudia. Mwalimu Mkuu aliitisha kikao cha wazazi. Alikusudia kuzungumzia hatari ya dawa za mifugo, na alizungumza vizuri, mpaka mama Mwanaidi aliposimama.

"Mimi sikuja kugombana. Nina swali. Vichwa vya watoto wetu mnavifunua mbele ya kadamnasi. Vyenu nani amewahi kuvifunua?"

Mzee mmoja alimkemea kutoka nyuma. "Wee mama, usimvunjie mwalimu heshima!"

"Heshima ipi? Yangu mimi ilivunjwa mlingotini, wewe ulikuwa wapi?"

Nilimtazama Mwalimu Mkuu, nikategemea aahirishe kikao. Badala yake alivuta kiti hadi mbele, akakaa, akavua kilemba chake.

"Njoo uangalie, mama Mwanaidi. Hujakosea."

Mama yule alikwenda. Aliitenga misuko mmoja baada ya mwingine, polepole, nyuma ya masikio kisha kisogoni, kama anayefanya kwa mtoto wake.

"Chawa hana," akatangaza. Akaongeza, "Ila mvi, wallahi, ni shamba zima."

Wazazi waliangua kicheko, na aliyecheka zaidi alikuwa aliyekaa kitini. "Hizo nimezipata hapahapa kwenu," akajibu. Kisha akasimama na kilemba kikiwa bado mkononi. "Nilikosea. Mtoto arudi Jumatatu. Hakuna atakayefukuzwa tena kwa chawa, na mlingoti utabaki kwa ajili ya bendera tu."

Utaratibu uliofuata ndio niliouhamishia kila shule baada ya hapo. Ukaguzi ulifanyika darasani, pembeni, mtoto mmoja mmoja, baada ya walimu kukaguana wenyewe kwanza. Siku za Ijumaa mchana akina mama waliopenda walikuja kufumua misuko na kuchana kwa kichana cha meno membamba, nywele zikiwa zimelowa povu la sabuni. Ushungi na mashuka yalilowekwa katika maji ya moto nyumbani. Baada ya wiki kazi ilirudiwa, kwa kuwa yai lililosalia huwa limeanguliwa. Aliyependa kunyoa alinyoa, kila mmoja na wembe wake. Mafuta ya taa na dawa ya josho tulivipiga marufuku kwa maelezo, si kwa vitisho.

Mwanaidi alirudi Jumatatu ile. Rafiki yake Rehema, aliyekuwa amehamia dawati la nyuma Mwanaidi alipofukuzwa, alisimama katikati ya chumba na begi lake bila kujua kama arudi kwenye dawati lao.

"Umechana?" Rehema akamuuliza.

"Nimechana. Wewe je?"

"Mama kanichana jana. Nilikuwa nao watatu."

Walicheka wakiwa wameziba midomo, wakaketi pamoja. Mtihani wa majaribio ulikwisha kumpita Mwanaidi, na hilo hatukuweza kulirudisha. Wa taifa aliufanya.

Sasa nafundisha Korogwe mjini, shule iliyo karibu na Masuguru, na nimepewa dhamana ya taaluma. Nikitazama nyuma, naona kwamba ujuzi wenyewe wa chawa hujifunzwa kwa muda mfupi. Kinachochukua miaka ni kukumbuka, mkono ukiwa juu ya kichwa cha mtoto, kwamba amri tunayoitoa mstarini hutekelezwa nyumbani na mtu mwenye hofu na vifaa vichache. Shule ikiwa na haki ya kudai usafi, ina wajibu wa kuonyesha njia ya kuufikia, na njia hiyo isipite juu ya utu wa mtoto.

Nilipomkabidhi mwalimu mpya wa afya sanduku la huduma ya kwanza na vichana, aliniuliza kwa bidii ya mgeni, "Dada, nikimkuta mtoto ana chawa, nianze na nini?" Nadhani alitaka nimtajie dawa.

"Kengele ikilia," nikamwambia, "mwambie aingie darasani na wenzake."