Bangili ya Bibi na Fundi Njoo Kesho

Babu yangu mtaani anaitwa Njoo Kesho. Ni fundi redio, na kama mafundi wote duniani, kazi yake haiishi leo. Bibi alimpelekea redio akiwa msichana, akaambiwa njoo kesho. Kesho yake, njoo kesho. Ikaenda hivyo mpaka wakaoana, na kwa taarifa yako, redio ilipona siku ile ile ya kwanza. Mzee mpeni maua yake.

Sasa bibi anasahau. Akitoka nje hajui kurudi. Ndiyo maana mama alimnunulia bangili isiyo na waya: inahisi akitembea, inahisi akianguka, halafu inarusha habari kwenye simu yangu, namwona kwenye ramani kama kidoti cha bluu. Juzi ikaanza kukatakata. Dada wa duka ilikonunuliwa akamwambia babu hiyo haitengenezwi, inabadilishwa, nyingine inakuja wiki ijayo, tuivumilie hivyo hivyo. Ungedhani katukaniwa ukoo.

"Hakijazaliwa chombo cha mawimbi kisichofunguka," akasema, akaivua mkononi mwa bibi, akaifungua.

Babu ana utaratibu wake. Anapanga vipande kwenye sinia, anapima kimoja kimoja, kibovu anatupa, kizima anarudisha. Mimi nikashika tochi. Bibi alikaa kwenye benchi la kibandani, nyuma yetu. Mwisho wa yote sinia lilikuwa na betri na chipu moja, ndogo kuliko punje ya mchele. Akauliza kinachohisi kiko wapi. Nikamwambia humo. Kinachorusha mawimbi? Humo humo. Antena je? Nayo humo. Akacheka kama mtu aliyeibiwa mchana kweupe.

"Sasa mgonjwa nitamtenganishaje na wazima?"

Nilimwambia aache. Ila mikono yake haijawahi kujifunza kuacha. Akaigusa kwa ncha ya chuma cha moto, kidogo tu. Harufu ikatoka, basi. Nikageuka nimtanie bibi kuhusu mumewe. Benchi tupu.

Simu ikasema bibi yupo. Kile kidoti cha bluu kilikuwa palepale kibandani kwetu, juu ya sinia.

Tukazunguka mtaa mzima. Babu ndala mguu mmoja, akimuuliza kila mpita njia, na mimi nafungua ramani, nafunga, nafungua, kama vile kidoti kingeona aibu kikahama. Tukarudi kibandani kwa sababu hatukuwa na pengine pa kwenda.

Jua likiwa linashuka, muuza mboga akamleta, kamshika mkono. Bibi alitutazama kwa adabu, vile unavyomtazama mtu usiyemjua, kisha akamgeukia babu.

"Samahani fundi, ile redio yangu tayari?"

Babu akafungua mdomo. Mazoea yalikuwa yameshafika kwenye ulimi, nikaona anayameza. Akavuta benchi hadi likagusa goti lake.

"Bado, bibie. Usiende popote. Kaa hapa usubiri."

Bibi akakaa, akanong'ona kwamba mafundi ndivyo walivyo. Babu akashika pindo la gauni lake kwa mkono mmoja, akainamia lile sinia, akajifanya anatengeneza.