Siku Niliyoitikia Bila Kuelewa

Nakumbuka alasiri ile ya theluji kule mji wa Bowie, Marekani, mwanangu, na mpaka leo umeme ukikatika huinuka nilipoketi.

Nilikuwa kijana mwenye haya, nimeishia darasa la saba, nikimtunza mzee mmoja wa Kimarekani. Miaka yake ya kazi aliimalizia kwa Wainuiti, watu wa nchi ya barafu kaskazini, akiandika mila zao. Sasa mapafu yalikuwa yamechoka, akipumua kwa mashine ya oksijeni. Muuguzi alinionyesha mitungi ya hewa ya akiba, ya kutumia umeme ukikatika, akaeleza upesi upesi kwa Kiingereza. "Umeelewa?" Nikaitikia. Shangazi yangu wa Lanham, mji wa jirani, alikwishaniambia, "Wewe itikia tu. Wakijua hujui, watakurudisha Tanga na hilo koti lako jipya."

Umeme ukakatika. Mashine ikanyamaza. Nikaukamata mtungi, nikazungusha hiki, nikabonyeza kile, wapi! Midomo ya mzee ikaanza kugeuka zambarau. Simu ikaniponyoka ikaingia chini ya kitanda. Nikajua nimemuua mtu kwa haya zangu.

Mzee akanishika mkono, akauweka kwenye kispana kilichofungwa kwa kamba shingoni mwa mtungi, tukazungusha pamoja. Hewa ikalia.

Alipopata pumzi, nikangoja matusi.

"Ulikuwa unajua?"

"Hapana, babu."

"Mbona uliitikia?"

"Niliona haya."

Akasema kwamba naye, alipofika kaskazini akiwa kijana, aliulizwa kama anaijua barafu, akaitikia, barafu ikampasukia, akazama hadi kifuani. Mwenyeji wake alimvuta, hakumkemea. Kesho yake alimpa mkuki, akamtanguliza, akimwambia: gonga barafu kwanza, sikiliza, ndipo ukanyage.

"Vitabu vyote vile," akacheka huku akikohoa, "na nilichojifunza ni kugonga."

Akanisogezea mtungi wa pili. "Fungua. Funga. Tena." Nilirudia mpaka umeme uliporudi.

Mwanangu, wewe unayenijibu kwa Kiingereza unajua mengi kuliko mimi. Lakini ukiulizwa kama umeelewa, na hukuelewa, sema hukuelewa, hata wakikucheka. Kicheko chao kitakwisha kabla hujafika nyumbani. Midomo ile mimi bado naiona.

Mungu akupe ulimi wa kuuliza, na akuepushe na kimya kile nilichokisikia mashine ilipozimika.