Mkeka wa Mama Uliokwenda Vietnam

Mdogo wangu ana kazi ambayo mpaka leo sijui niiiteje. Huwachukua wageni asubuhi, akawazungusha kwa mafundi wa mikono, na adhuhuri haijapita amesharudi nao mjini wakiwa na vumbi miguuni na vinyago mifukoni. Yeye huiita safari ya nusu siku. Huanzia Pugu kwa akina mama wanaofinyanga vyungu, hupitia kwa fundi mmoja wa Kimakonde anayekaa chini na kulibana gogo la mpingo kwa nyayo zake akichonga, kisha humalizia Temeke, uani kwa mama yetu, msuka mikeka. Mie kazi hiyo sikuipenda tangu mwanzo. Nilikuwa nikisema Mama si kinyago cha kutazamwa. Lakini Mama mwenyewe aliipenda, kila wageni wakija anavaa khanga mpya ambayo haijafuliwa hata mara moja, basi mdomo wangu nikaufunga.

Jumamosi ninayotaka kuieleza nilikuwapo pale uani kwa sababu ya Jumatatu iliyokuwa inafuata. Jumatatu hiyo Mama alikuwa alazwe hospitali, atolewe uvimbe tumboni. Daktari alikwisha kutuambia kuwa lazima utolewe, na kwamba kila tukichelewa kazi yake inazidi kuwa ngumu. Mie nauza katika duka la dawa Goba, na anayekaa nyuma ya kaunta ya dawa hujua zaidi ya anavyopenda kujua. Niliona vidonge vya maumivu ninavyompelekea Mama vinaisha upesi kuliko mwanzo. Nilikuwa naogopa, na mie nikiogopa huwa mkali, watu wa nyumbani wananijua.

Mama hakukataa upasuaji. Angekataa tungegombana, na kugombana sie tunakuweza. Yeye alisema tu kwamba amalize kwanza mkeka wake.

Kwa akina mama wa ukoo wetu, mwanamke anayejua kusuka hazikwi na mkeka wa kununua. Akishakuwa bibi, husuka wake kwa mkono wake. Mkeka huo hautiwi rangi, ukindu, yale majani ya kusukia, unaachwa na weupe wake. Siku ikifika, wanaume huubeba mpaka makaburini, na mbao zikishapangwa juu ya maiti, mkeka hutandikwa juu ya mbao ndipo udongo ufuate. Kabla ya siku hiyo haulaliwi, hauswaliwi, wala hauuzwi. Bibi yetu alizikwa na wake, na mama yake Bibi kadhalika. Mama alisema hawezi kwenda kulala mbele ya kisu cha daktari wakati mkeka wake haupo.

Basi tangu masika nikawa mtu wa ajabu. Kila nikitoka Goba kwenda Temeke, jicho langu la kwanza lilikuwa kwenye ukili, ule utepe mrefu unaosukwa kwanza kabla ya kushonwa kuwa mkeka. Nikiukuta umerefuka nafurahi, kwa kuwa hospitali imekaribia. Kisha naionea aibu furaha ile ile, kwa kuwa nilichokuwa nakifurahia ni mkeka wa kumzikia mama yangu. Nilikuwa namwambia, "Mama, umefika mbali," naye ananijibu, "Unanifukuza?" Tulikuwa tunacheka, lakini mie nilicheka kwa meno tu. Mwishowe aliumaliza, akaufunga kwa khanga, akauweka juu ya kabati chumbani kwake. Ndipo nikampeleka hospitali, wakatupa hiyo Jumatatu.

Wageni wa siku hiyo walikuwa wawili, mtu na mama yake, kutoka Vietnam. Yule mwanamume alikuwa fundi wa minara ya simu hapa mjini, na Kiswahili chake cha kujifunzia kazini kilikuwa kinatosha. Mama yake alikuwa amekuja kumtembelea. Alikuwa bibi mdogo wa mwili, mwenye kofia pana, na huko Pugu na kwa mchongaji, mdogo wangu aliniambia, hakufungua mdomo. Alipofika kwetu alifundishwa na mwanawe kusema shikamoo, akaisema huku ameinama, Mama akaitikia marahaba na kumsogezea jamvi.

Yule bibi hakupiga picha. Alivua viatu, akakaa, akaushika ukili wa mkeka wa kuuza uliokuwa mapajani mwa Mama na kuugeuza chini juu. Mama aliniangalia. Wageni wote hutazama upande wa juu wenye rangi. Anayetazama upande wa chini anatafuta mahali chane, vile vipande vyembamba vya ukindu, zilipoungwa, na hapo huwa mmekwisha kujuana, fundi kwa fundi.

"Mama yangu anasema," mwanawe akaanza, "kijijini kwetu watu wote wanafanya mikeka. Majani yetu yanaota ndani ya maji. Sisi tunatumia mtambo wa mbao, watu wawili. Mmoja anapitisha jani, mmoja anapiga ubao ili jani likae vizuri." Yule bibi akaongeza maneno, na mwanawe akacheka kidogo kwa haya. "Anasema watalii wanakuja pale na basi. Nusu siku tu. Wanatazama, wanakwenda. Yeye ndiye alikuwa anatazamwa. Leo anatazama yeye, na anaona aibu."

"Mwambie asione aibu," Mama akasema. "Mwambie mie napenda kutazamwa. Bado anasuka?"

Swali likaenda, jibu likarudi. "Hapana. Baba yangu ndiye alikuwa anapiga ubao. Baba amefariki. Mtambo umesimama, kwa sababu unataka watu wawili."

"Mpe pole," Mama akasema. "Sie huku mtu anasuka peke yake." Akawa kama amemaliza, kisha akasema tena, "Lakini kusuka peke yake nako si raha. Mwambie hivyo."

Wakakaa hivyo wale wazee wawili, mmoja anachana ukindu, mwingine anapokea chane na kuzipanga, na sie watatu tulikuwa hatuna kazi. Nikiri kuwa kwa mara ya kwanza niliona safari za mdogo wangu zina maana. Kisha Mama akajishika ubavu, akainuka, akaingia ndani. Nilidhani anafuata dawa. Alitoka na lile furushi la khanga.

Mdogo wangu alisimama. "Mama, huo ni ule..."

"Najua ni upi."

Aliufungua mwenyewe, akaukunjua mbele ya mgeni, mweupe wote, na yule bibi akaupapasa kwa viganja vyote viwili. Mama akamwambia yule mwanamume, "Wake huo. Aende nao kwao." Bibi akakataa kwa mikono, Mama akasisitiza kwa mikono. Mie nikamgeukia yule mwanamume nimweleze mkeka ule ni wa nini, kwa kuwa niliona haki ajue anachokibeba. Mama akanikazia jicho lile la utotoni, la mbele ya wageni, ambalo halikuhitaji fimbo.

"Nyamaza," akasema chinichini, kwa kasi ambayo mgeni asingeweza kuifuata. "Mgeni njoo, mwenyeji apone. Muache achukue."

Yule bibi aliondoka ameukumbatia, machozi yanamtoka, na mdogo wangu akawapeleka mjini. Mie nilibaki uani nikiwa na hasira na kila mtu. Nilimkasirikia yule bibi ambaye hakuwa na kosa lolote. Nilimpigia simu mdogo wangu nikamwambia yeye na wageni wake wamemmaliza Mama, naye akanijibu, "Dada, ishu siyo wageni. Kautoa mwenyewe, hujaona?" Nikamkatia.

Nikamuuliza Mama, "Na Jumatatu?"

"Jumatatu ipi tena, mwanangu? Mkeka sina. Nikimaliza mwingine tutakwenda."

Aliyasema hayo kwa wepesi, huku anafagia makapi ya ukindu. Ule wa kwanza ulimchukua miezi, tangu masika, wakati mkono wake bado una kasi na anakaa kitako asubuhi nzima bila kujishika ubavu. Mwingine, kwa hali ile, usingekwisha. Mie nilijua na nilidhani yeye hajui.

Kesho yake, Jumapili, nilirudi mapema nikiwa na hotuba yangu tayari. Njia nzima kutoka Goba niliipanga, na ilianza na mficha maradhi kifo humuumbua. Nilimkuta uani, mbele yake beseni la maji lenye ukindu mpya umelowekwa. Lakini alikuwa hachani. Kisu kilikuwa chini, mikono ameikunja, anautazama tu ule ukindu ndani ya maji. Hotuba yangu ikaniishia mdomoni. Nikavuta kigoda nikakaa.

"Mama, ulimpa kwa nini?"

"Nilipokuwa nausuka nilikuwa sina shida," akasema. "Kazi ni kazi. Ulipokwisha ndipo nikaanza kuuona. Nikifungua macho alfajiri, uko juu ya kabati unanitazama. Nikahama chumba, unajua hilo? Nalala sebuleni kwenye kochi. Yule bibi alipokuja nikasema Mungu kaniletea wa kuuchukua."

"Unaogopa."

"Naogopa, mwanangu."

Huyu ni mwanamke aliyemuuguza baba yetu mpaka mwisho na kumfumba macho mwenyewe, na aliyemfukuza mwizi kwa mchi. Neno hilo nilikuwa sijawahi kulisikia kinywani mwake. Nilitaka kumwambia usiogope, kama ninavyowaambia wateja dukani kila siku, nikaona ni uongo.

"Basi twende bila mkeka," nikasema.

"Bila mkeka?"

"Bila. Mtu anayekwenda kurudi habebi mkeka wa kuzikiwa."

"Na nisiporudi?"

Mdomo wangu ukafanya unavyofanyaga siku zote. "Nitakuzika na wa plastiki. Wa dukani, wenye picha ya tausi."

Nilitamani ardhi ipasuke. "Wewe mtoto huna adabu," akasema.

"Sina."

"Mie nizikwe na tausi wa plastiki, Temeke nzima inatazama?"

"Ndiyo. Kama hutaki, rudi uje usuke wako."

Hakucheka. Nami sikuwa natania, tulijua wote wawili. Aliingiza mkono majini, akaushika ukindu, akauachia.

"Utoe majini," Mama akasema. "Uanike kivulini. Ukikaa na maji utaota ukungu."

Hakusema uanikwe mpaka lini, nami sikuthubutu kuuliza. Aliinuka kwa kushika bega langu, akaingia ndani. Nikautoa ukindu, nikawa nauning'iniza mmoja mmoja kwenye kamba ya nguo chini ya bati, maji yananitiririka mpaka viwikoni. Kutoka chumbani nikasikia kabati linafunguliwa, kisha sauti yake ikiniuliza kama kesho hospitali wanamruhusu mtu kuingia kwenye kile chumba cha kisu na khanga yake mwenyewe.